Kaa Hapo

Kila saa moja Nahodha Mbaruku alikuja kuniuliza swali lile lile, na kila saa nilimjibu kwa neno moja, na neno hilo lilikuwa linatuua polepole watu thelathini.

"Sauti ipo?"

"Ipo."

Basi. Anageuka, anakwenda zake kuangalia vipimo vya mifuko, mimi nabaki na kikombe cha mpira kimenigandia sikioni kama kupe. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi yangu. Nilikuwa msikilizi wa merikebu Kipanga, mwaka wa tisa, na kabla hujanionea huruma ngoja nikwambie kabisa kwamba sistahili.

Tulikuwa tumenasa. Wala si kwa kukosa upepo. Upepo ulikuwepo, tena mwingi, unapita kwenye kamba na kupiga miluzi kama unatukejeli. Tulinasa kwa mkia wetu wenyewe. Kama hujawahi kupanda merikebu ya anga, sikiliza vizuri, sitarudia. Juu tunabebwa na mifuko kumi na miwili ya hewa nyepesi. Katikati kuna tanga. Lakini chombo chenye mifuko na tanga peke yake ni kishada kilichokatika uzi, kinakwenda upepo unakotaka. Ndiyo maana tunateremsha mkia: kamba ya pima mia mbili na ishirini, na mwisho wake debe la chuma la kuingia mtu mmoja, lenye mwiko mpana kama mlango wa ghala. Kule chini upepo ni mzito, tena wa polepole. Mwiko unaushika ule wa chini, tanga linaushika huu wa juu, na kwa kuwavutanisha hao wawili unakwenda utakako. Aliyemo ndani ya debe anageuza mwiko na kusema anachotaka. Msikilizi anamsikia kwa mrija na kuwaambia watu wa winchi. Mrija wa pili unampelekea hewa, tunaisukuma kwa mivukuto.

Chini ya debe kuna Uzito. Ni hewa nyeupe iliyojaa mabonde yote tangu enzi za bibi wa bibi zetu, imetulia kama maziwa bakulini. Ukiivuta mara tano unasinzia, ukiivuta mara kumi hakuna wa kukuamsha. Debe haliruhusiwi kuukaribia kwa chini ya pima kumi.

Debe letu lilikuwa limezama ndani yake pima thelathini, limeng'ang'aniwa na mnara wa chuma wa watu wa kale ambao hakuna ramani iliyouonyesha. Ndani alikuwemo Bwana Shaweji, abiria, mpimaji, mtu wa miaka hamsini na kitu. Alikuwa hai, tena anasema, na tatizo letu lote lilikuwa hilo.

Kwa sababu kanuni ya mkia ni fupi, hata mlevi anaikumbuka: kamba haikatwi maadamu kuna sauti mrijani. Na wa kusema kama sauti ipo au haipo ni msikilizi peke yake. Nahodha hana kauli hapo, wala abiria hawapigi kura. Ni mimi tu.

Mifuko inavuja. Mifuko yote duniani inavuja, ndiyo maana kuna bandari za kujazia. Tulikuwa tunazama pima tatu kila saa, hata baada ya kutupa mizigo, vitanda, nanga, na masufuria ya Bi Kidawa mpishi, ambaye alilia kwa ajili ya masufuria kuliko nilivyowahi kumwona akilia kwa ajili ya mtu. Tungekata kamba, tungepaa. Bandari ya Sindeni ilikuwa mwendo wa nusu siku. Tuliiona. Asubuhi tuliona hata moshi wa majiko yao.

*

Sasa nikwambie ilivyotokea, na hili nitalisema mara moja tu.

Merikebuni hatusemi "shuka." Anayeshuka ni aliyeanguka, na neno hilo halitamkwi sitahani hata kwa mzaha. Tukitaka kamba iongezwe tunasema "kaa." Tukitaka irudishwe, "vuta." Tukitaka isimame, "shika." Kila aliyezaliwa bandarini anayajua haya kabla hajaota meno. Bwana Shaweji hakuzaliwa bandarini. Alitoka juu kabisa mlimani, huko Ngozoma, kwenye shule na maktaba, akaja na vyombo vyake vya shaba kuangalia kama Uzito unapanda. Akaomba aingie kwenye debe nusu saa badala ya mshika mwiko wetu. Kanuni inasema msikilizi amfundishe mgeni maneno matatu, na mgeni ayarudie mara tatu kila moja. Nilikuwa na njaa. Uji wangu ulikuwa unapoa. Nikamfundisha "vuta" na "shika," akayarudia kwa adabu zake zote, na "kaa" nikaliruka, nikijiambia nitamwambia akishaingia ndani. Sikumwambia.

Debe lilipofika pima kumi juu ya Uzito, aliona kitu alichokuwa anakitafuta. Sauti yake ilikuja mrijani imejaa furaha, kama mtu aliyeokota kitu chake kilichopotea.

"Kaa hapo," alisema. "Kaa hapo hapo, dada."

Nikamjibu, "Nakaa," nikainua mkono. Watu wa winchi wakaachia.

Sasa hapa ndipo panaponikosesha raha mpaka leo. Mshika mwiko hasemi "hapo." Hawezi kusema. Kwa lugha yetu "kaa hapo" ni sawa na kusema "nenda simama." Na mimi nililisikia lile "hapo." Masikio haya, ambayo husikia msumari ukilegea pima mia mbili chini, yalilisikia vizuri kabisa, na kichwa kikasema subiri kwanza, kuna kitu. Lakini mkono ulikuwa umeshapanda, na nikaona haya kuushusha mbele ya wale wanaume wa winchi ambao kila siku wananisema eti najifanya najua. Ni hilo tu. Haya ya sekunde tatu. Nilipokuja kupiga kelele "shika," kamba ilikuwa imeshakwenda pima arobaini, na kule chini chuma kikawa kinasaga chuma.

Tulivuta. Winchi ikaanza kung'oka kwenye mbao zake, tukaacha kuvuta.

Nahodha akaniuliza aliomba nini. Nikasema, "Aliomba kaa." Na ni kweli aliomba kaa. Shahidi alikuwa mmoja tu, naye ndiye huyu unayemsikiliza.

Bwana Shaweji naye nikamwambia nini? Nikamwambia winchi imetuponyoka. "Samahani sana, Bwana Shaweji. Breki zimeteleza." Akajibu kwa upole, "Haya, dada Mize. Mambo hayo hutokea."

Jioni ile Nahodha alituita wote sitahani. Alikuwa mtu mfupi, mpole wa sura, asiyependa kupaza sauti. Alituonyesha barakoa mbili za mkaa, kila moja inamlinda mtu kwenye Uzito kwa saa mbili. Akasema mtu mmoja akifuata kamba, akampelekea Bwana Shaweji barakoa ya pili, wawili hao wanaweza kufungua nati nne zinazoushikilia mwiko, kwa nje, mmoja akiwa ameubeba na mwingine akizungusha spana. Mwiko ukibaki mnarani, debe liko huru.

"Kanuni inasema aliyelipeleka debe chini kwa kosa lake ndiye anayelifuata," alisema. "Huyu bwana amejipeleka mwenyewe, kwa neno lake. Kwa hiyo siwezi kumlazimisha mtu yeyote. Naomba tu."

Watu wakaangalia miguu yao. Na mimi nikaangalia yangu. Nina vidole vibaya, nilivihesabu vyote.

*

Bwana Shaweji hakuwa mjinga. Usiku haujaingia akaniuliza, "Dada Mize, hivi ninyi huwa hamkati?"

Nikamweleza kanuni. Nilimweleza yote, nadhani kwa sababu nilitaka walau jambo moja nimwambie kweli.

"Kwa hiyo nikinyamaza," alisema.

"Nakuita mara tatu. Usipojibu natoa taarifa."

"Na taarifa ni wewe."

"Ni mimi."

Tangu hapo hakunyamaza. Alisimulia. Alisoma vipimo vyake kwa sauti, akasoma na maandishi yaliyochongwa kwenye spana. Akaimba, na alikuwa haimbi vizuri. Alinieleza kwamba Uzito unapanda kweli, nusu pima kwa mwaka, na kwamba wajukuu wa watu wa Sindeni watalazimika kuhama, na akanieleza hivyo kwa sauti ya mtu anayezungumzia bei ya chumvi. Aliniuliza habari zangu. Wewe unajua maana ya kuulizwa habari zako? Msikilizi hasemeshwi. Mkono mmoja uko kwenye mrija, jicho liko kwenye winchi, watu wanapita mbali ili wasikutibue. Miaka tisa maneno niliyoambiwa mimi ni "vuta," "shika" na "kaa," na hayo nayo si yangu, napitisha tu.

Huyu alitaka kujua nilizaliwa wapi. Kwa nini niliondoka. Kama mama yangu bado ana hasira. Nikamwambia mambo ambayo sikuwahi kumwambia mtu, nimeinama kwenye mrija kama mwizi, na yeye akawa anaitikia, "Ehe. Ehe. Endelea, dada." Akaniambia sauti yangu inatuliza. Akaniambia, "Wewe ndiye mtu pekee ninayemwamini kwenye chombo hicho." Nikajiona nimepata ndugu. Nakwambia kweli, kuna wakati nilisahau kwamba tunazama.

Bi Kidawa aliniletea maji siku ya pili, ndiye peke yake aliyethubutu kukaa karibu yangu.

"Mmefikia wapi na bwana wako?" aliuliza. "Ameshaleta posa?"

"Bi Kidawa, niache."

"Nikuache wapi? Hakuna pa kwenda." Alikaa, akanyoosha magoti yake mabovu. Utani ukamwisha usoni. "Mize, mimi sijasoma kanuni. Nimepika tu. Lakini pale chini ya tanga kuna mama ana watoto watatu, na jana usiku yule mdogo aliniuliza Uzito una ladha gani. Nikamwambia kama maziwa. Sasa sijui kwa nini nilimwambia hivyo."

Chini, mrijani, Bwana Shaweji alikuwa ananihesabia riveti za debe lake, moja moja. Alishafika mia nne.

Nahodha alikuja mchana wa siku ya tatu kabla ya saa yake. Hakuuliza swali. Alichuchumaa mbele yangu, akazungumza chini chini.

"Nilikuwa msikilizi miaka kumi na moja kabla ya kupewa chombo," alisema. "Ulijua?"

"Nilisikia."

"Basi unajua nakuelewa. Mtu akikaa na mrija siku tatu bila kulala, upepo nao unaanza kumsemesha. Anasikia mtu na kumbe hakuna mtu. Akisema kesho kwamba alikosea, hakuna wa kumlaumu. Mimi wa kwanza sitamlaumu." Akainuka, akajipangusa mikono ambayo haikuwa na kitu. "Zimebaki pima arobaini, Mize."

Hakuniamuru. Laiti angeniamuru, ningemchukia tukamaliza. Lakini aliniachia mlango wazi na akaondoka, na mimi nikabaki nautazama ule mlango. Kwa upande mmoja watu thelathini, na mimi nimo. Kwa upande wa pili mtu mmoja niliyemtumbukiza mwenyewe kwa mkono huu. Na mlango wa tatu ulikuwepo, wa barakoa, nilikuwa naujua tangu jioni ya kwanza, ila msikilizi haachi mrija bila sababu, na wa kuufungua ilibidi aseme mbele ya watu wote kwamba alisikia "hapo" na akainua mkono. Nilikuwa naogopa. Sina neno jingine la kulipamba. Niliogopa kamba, niliogopa Uzito, na zaidi niliogopa sura za wale wanaume wa winchi.

*

Saa tisa alasiri, jua kali, hesabu ya riveti ilikatika.

Ilikatika katikati ya namba. "Elfu moja na mia mbili na sab—" na kisha mvumo mtupu. Nikabana kikombe sikioni. Nyuma ya mvumo, mbali sana, pumzi. Ndefu, nzito, zenye mkwaruzo kidogo. Mtu ambaye hajafumba macho kwa siku tatu alikuwa ameshikwa na usingizi, na usingizi wa namna hiyo haukuombi ruhusa.

Nikamwita mara tatu kama kanuni inavyotaka. Lakini nitakwambia nilivyomwita. Nilimwita kama unavyomwita jirani ambaye hutaki aje. Mrija una filimbi yake ya kuamshia, imening'inia hapo hapo kwenye msumari, na sikuigusa.

Nahodha akaja. Safari hii hakuja peke yake. Habari merikebuni haina mlango, na walishaniona ninavyoita. Watu wa winchi walikuja, Bi Kidawa akaja, abiria wakaja wamebeba watoto wao, wakasimama nyuma yake. Uzito ulikuwa karibu kiasi kwamba nuru yake nyeupe iliwapiga kwenye videvu kutoka chini.

"Sauti ipo?"

Na ningesema kweli. Hicho ndicho kilichonitisha. Ningesema "haipo," na lingekuwa ndilo jibu la kwanza la kweli tupu nililotoa tangu juzi. Kanuni inasema sauti, haisemi pumzi. Kesho ningekula uji Sindeni.

"Ipo," nikasema.

Nahodha akanyoosha mkono, nikampa kikombe. Akakiweka sikioni, akafumba macho, akageuza shingo kidogo kuukwepa upepo, kama anavyofanya mtu aliyeijua kazi. Alisikiliza muda mrefu. Nilimwona usoni alipoipata ile pumzi, na nilimwona alipojua ni ya mtu aliyelala. Akafumbua macho, akanitazama, akanirudishia kikombe.

"Anasema nini?" aliuliza, kwa sauti ya kusikika na wote.

Mpaka leo sijui kama alikuwa ananitega au ananisaidia. Niliweka kikombe sikioni.

"Anasema," nikaanza, "anasema juzi hakuomba kushushwa." Nilisema neno lenyewe, shuka, mbele ya watu, na mmoja wa winchi akajishika mdomo. "Anasema kwao mlimani 'kaa hapo' maana yake ni subiri. Anasema hakufundishwa neno letu, kwa sababu aliyetakiwa kumfundisha alikuwa anawahi uji wake. Anasema yule msikilizi alilisikia 'hapo,' na alijua kuna kitu hakiko sawa, na aliachia hivyo hivyo kwa kuona haya. Halafu akadanganya siku tatu."

Kamba ikawa inalia peke yake.

"Amesema hivyo?" Nahodha akauliza.

"Kwa maneno hayo hayo."

"Mize wewe," alisema Bi Kidawa, polepole, na sikuwahi kusikia jina langu likitamkwa vile.

Mtu wa winchi, yule ambaye mikono yake ndiyo iliyoachia breki na ambaye kwa siku tatu alikuwa hali chakula, alinisogelea. Nilidhani atanipiga, na ningemshukuru. Alinitazama tu, akaenda kukaa kwenye winchi na kunipa mgongo.

"Leteni barakoa zile mbili," akasema Nahodha.

Walinifunga mkanda, wakanining'iniza kwenye kapi, spana mbili kiunoni, barakoa moja usoni na nyingine kifuani. Nahodha akakichukua kikombe changu akakivaa mwenyewe. Sikio sasa lilikuwa lake. Kamba ile ile ambayo angeweza kuikata ingekuwa na watu wawili, mmoja amelala na mwingine ana barakoa mdomoni, na hakuna hata mmoja wetu mwenye sauti.

"Utasema ipo?" nikamuuliza kabla sijaivuta barakoa.

"Nenda," alisema. Hakuniangalia.

*

Sitakusimulia sana njia. Ukiingia kwenye Uzito huoni mkono wako. Unaisikia kamba kwa mapaja na unajiteremsha, na kila kamba inapotikisika unafikiri, haya, ndiyo imekatwa. Ilitikisika mara nyingi. Nilianza kuelewa kwa nini mtu anaweza kuhesabu riveti.

Nati zilifunguka, usiwe na wasiwasi, ndiyo maana niko hapa nakusimulia. Lakini nataka kukwambia kilichotokea kabla ya nati.

Mguu wangu ulikanyaga bati. Nikapapasa mpaka kwenye mfuniko wa juu, nikagonga, hakuna jibu, nikaufungua na kujipenyeza ndani huku hewa ya mivukuto ikinipuliza usoni, nikaufunga haraka. Humo ndani nafasi ni ya mtu mmoja. Nilimwangukia magotini. Taa yake ndogo ilikuwa bado inawaka, na kwa mara ya kwanza tangu apande chombo chetu nikamtazama vizuri: mtu mwembamba, ndevu za siku tatu, midomo imepasuka.

Aliamka akisema. Hajafumbua hata macho. "Nipo, dada Mize, nipo, nasema, elfu moja na mia mbili, nipo, usiwaambie sipo—"

"Bwana Shaweji." Niliishusha barakoa. "Ni mimi. Nimekuja."

Alifumbua macho akaniona. Alijivuta nyuma mpaka kichwa kikagonga chuma.

Nilikuwa nimejiandaa njia nzima. Nikamwambia yote, haraka haraka, uji, mkono, breki zisizoteleza. "Ulisema 'hapo' na mimi nililisikia," nikamalizia. "Ni mimi niliyekutia humu. Winchi haikuponyoka."

"Najua," alisema.

"Unajua nini?"

"Najua. Ulijibu 'nakaa,' na debe likaanza kwenda chini. Mimi ni mtu wa vipimo, dada. Breki ikiteleza kamba inakwenda kwa kurukaruka. Ile ilikwenda taratibu, sawasawa, kama mtu anayetii amri." Sauti yake ilikuwa imekwisha, imebaki mkwaruzo. "Nilijua kabla hujaniomba samahani."

"Mbona hukusema?"

Alinitazama kama nimeuliza jambo la kitoto.

"Nimwambie nani? Mrija ni mmoja na sikio ni lako. Nikikuambia umeniua, unipende kwa lipi? Ungechoka nami. Saa moja tu ungechoka nami, ukasema lile neno, na ingekuwa basi."

Kuna kitu kilinishuka kifuani, na ndiyo, nasema kilishuka.

"Na yale yote," nikasema. "Kuhusu sauti yangu. Kuhusu mama. Kwamba unaniamini."

"Mengine kweli," alisema. "Mengine nilikuwa natunga kadiri nilivyosikia unapenda." Akameza mate kwa shida. "Nilikuwa nakuogopa, dada Mize. Sijawahi kumwogopa mtu namna ile. Kila ukinyamaza nilikuwa najiuliza nimekukosea nini."

Nilitaka kulia, na nilijua sina haki ya kumlilia yeye, humo ndani, magotini pake. Nikaitoa barakoa ya pili kifuani. Nikamwambia inafungwa nyuma ya kichwa, mikanda mitatu, ikikazwa vibaya Uzito unaingia. Alijaribu mwenyewe, lakini mkanda ukamponyoka mara mbili.

"Nikufunge?" nikauliza.

Akanigeuzia kisogo, taratibu. Nikakaza mkanda wa kwanza, wa pili, wa tatu, nikaipima mmoja mmoja kwa kidole. Muda wote huo alikuwa ameshikilia kiti kwa mikono miwili na amefumba macho, na hakuvuta pumzi mpaka nilipomwambia nimemaliza.